Masomo ya Wingu ni ya Bure, Bili Siyo

Swali tunaloulizwa sana na wateja wa Machakos ni hili: kozi za kompyuta za wingu huko mtandaoni, ni za bure ama za kulipia? Jibu ni zote mbili, na ni vizuri ujue mpaka uko wapi kabla hujaweka kadi.

Wingu ni kompyuta za watu wengine unazokodi kupitia intaneti. Kutegemea mashine iliyo mbali si kitu kigeni kwetu. Hadi 2015 seva za M-Pesa zilikuwa Ujerumani, kwa hivyo ukimtumia mama pesa kutoka mjini hadi Masii, maagizo yalipitia Ulaya ndipo simu yake ilie.

AWS Skill Builder ya Amazon na Microsoft Learn zina kozi za mwanzo za bure. Somo limekatwa vipande vifupi, kisha maswali, na kesho unaendelea pale ulipoachia. Inamfaa mtu anayefunga duka saa mbili usiku. Video utaona kwa simu, lakini mazoezi ya kuwasha na kuzima seva yanataka kompyuta, hata ya saiba. Tusidanganyane.

Kwenye mazoezi ndipo pesa huanza kutoka. Akaunti ya kulipia ni kama ile mita ya stima ya zamani, si tokeni: unatumia kwanza, bili inafuata. Seva uliyosahau inahesabu hata ukiwa umelala. Tena kwa Amazon, kuisimamisha tu hakutoshi, kwa sababu diski yake inaendelea kulipiwa hadi uifute. Weka bajeti siku ya kwanza, ila ujue hiyo ni kengele: inakuambia umefika, haikuzuii kupita. Na kuacha kadi bila salio hakufuti deni.

Coursera nayo, kozi nyingi hukupa siku 7 za majaribio, kisha kadi inakatwa ada kila mwezi hadi usitishe mwenyewe. Weka alamu siku ya 6. Usipoweza ada, omba msaada wa masomo pale pale kwenye ukurasa wa kozi. Watu wengi hawajui upo.

Cheti ni mambo mengine. Mtihani wa mwanzo wa Amazon, Cloud Practitioner, ni dola 100, karibu shilingi 13,000. Una maswali 65, dakika 90, na cheti hudumu miaka 3. Sisi tungesema maliza kozi za bure kwanza, ndipo ulipie.

Ada hiyo unalipa unapojisajili kwa mtihani, si kwa namba ya mtu. Anayekuahidi cheti bila mtihani kwenye WhatsApp ukimtumia "ada ya usajili" ni tapeli. Kama ushatuma, tupigie saa hiyo hiyo, kabla hajafika kwa ajenti. Pesa ikishatolewa, kuirudisha ni kazi ngumu sana.