Istilahi za Utengenezaji wa Betri: Funzo kutoka Meru na Embu

Makala haya yanajadili namna Kiswahili kinavyoweza kueleza utengenezaji wa betri za lithiamu na mbinu za kupunguza gharama yake. Tunaanzia Meru na Embu kwa sababu maalumu. Mnamo mwaka 1984 mhandisi Mmarekani Harold Burris na mwalimu wa kujitolea Mark Hankins walifunga mitambo ya umemejua katika Shule ya Sekondari ya Karamugi, Meru. Baadaye teknolojia hiyo ilienea miongoni mwa wakulima wa kahawa na majani chai katika miteremko ya Mlima Kenya. Kilichowagharimu mara kwa mara si paneli ya juu ya paa bali betri ya risasi na asidi, aghalabu ya gari, ambayo haikuundwa kumalizwa chaji kila usiku.

Hapa lugha ina dhima. Mtu husema "betri imekufa" iwe imeisha chaji au imeharibika kabisa. La kwanza hutibiwa na jua la kesho. La pili husubiri malipo ya kahawa. (Betri kavu za tochi nazo huitwa "mawe", jina linaloficha kwamba ndani mna kemia.)

Taa nyingi za jua zinazouzwa leo hutumia betri za lithiamu, ambazo Sony iliziingiza sokoni mwaka 1991. Katika kuziunda, unga wa kathodi huchanganywa na gundi na kiyeyushi ukawa uji mzito, ambao hupakwa juu ya utepe mwembamba wa alumini na kukaushwa katika tanuri refu. Kiyeyushi kilichozoeleka huchemka kwenye nyuzi 202 za selsiasi na kina sumu, hivyo mvuke wake sharti unaswe. Mkulima wa kahawa anaijua kazi ya kukausha, ila yeye husaidiwa na jua. Ndiyo maana watafiti wanajaribu kupaka unga mkavu. Upande wa anodi, maji yalikwisha kuchukua nafasi ya kiyeyushi hicho. Kobalti, ambayo kwa sehemu kubwa huchimbwa Kongo, ikiwemo Kolwezi kunakosemwa Kiswahili, huepukwa kwa kutumia chuma na fosfeti. Mageuzi ya aina hii, pamoja na upanuzi wa viwanda, yalishusha wastani wa bei kutoka zaidi ya dola 1000 kwa kilowati-saa mwaka 2010 hadi takribani dola 115 mwaka 2024.

Hatua inayotutatiza kiistilahi ni chaji ya kwanza, ya polepole, inayojenga utando wa kinga juu ya anodi. Pamoja na ungojeaji unaofuata, huweza kuiweka seli kiwandani kwa siku nyingi, na siku hizo ni fedha. Wapo watakaotohoa. Mimi napendekeza "uvumbikaji", kwa mfano wa ndizi zinazovumbikwa hadi ziive, jambo lisilohitaji ufafanuzi Meru wala Embu. Pingamizi moja nalikubali: ndizi iliyovumbikwa huoza upesi, ilhali seli iliyovumbikwa vyema hudumu miaka. Mwenye neno bora na alilete.