SOMO LA KUSOMA NA KUJADILI: TUBISHANE JUU YA SINEMA

Leo tusome habari za wahakiki. Mhakiki wa sinema hutazama picha mpya, kisha hutueleza uzuri wake na kasoro zake.

Mwaka 1975 huko Chicago, Marekani, Gene Siskel na Roger Ebert walianza kubishana juu ya sinema mpya katika televisheni. Walikuwa waandishi wa magazeti mawili yaliyoshindana. Mmoja akisema picha ni nzuri, mara mwenzake anasema ni mbovu. Baadaye wakatumia dole gumba: likiwa juu, nenda ukatazame, likiwa chini, weka fedha yako. Watu walipenda ubishi ule. Lakini dole si sababu, jamani. Sababu zilikuwa katika maneno yao.

Haya, tujaribu wenyewe. Mwaka 1990 ilitoka sinema ya Mountains of the Moon, yaani Milima ya Mwezi, iliyoongozwa na Bob Rafelson. Inaeleza safari ya Waingereza wawili, Burton na Speke, waliotafuta chanzo cha mto Nile. Walifika Kazeh, karibu na Tabora ya leo, Novemba 1857, wakaendelea hadi Ujiji. Mwaka 1858 walirudi Kazeh. Burton akabaki, Speke akaenda kaskazini, eti akaligundua ziwa la Viktoria. (Wavuvi wa huko walikuwa wakiliona kila siku!)

Mhakiki wa mbali atauliza: Waigizaji wanajua kazi? Picha zinapendeza? Ni maswali ya haki. Ila sisi wa njia ya misafara tunayo mengine. Nani alibeba mizigo? Wapagazi, na Wanyamwezi walisifika sana kwa kazi hiyo. Nani alisema na wageni kwa Kihindustani na kuwatafsiria? Sidi Mubarak Bombay, Myao aliyeuzwa utumwani akapelekwa India. Bombay yumo katika sinema. Je, anaonyeshwa kama mtu mwenye akili zake, au ni mtumishi tu? Tena sehemu za Afrika zilipigwa Kenya, kwa hiyo usiitafute miombo yetu mle. Mtoto wa Tabora asipoelezwa, atadhani safari ile ilikuwa ya watu wawili.

KAZI YA KIKUNDI: Chagueni picha moja mliyoiona kibandani. Wawili wabishane mbele ya wenzao. Anayesema "mbovu" ataje ni wapi palipoharibika. Anayesema "nzuri" naye ataje. Kisha kila mmoja aandike sentensi tano.