Uteuzi wa Maneno katika Barua Rasmi

Barua rasmi ni mojawapo ya tungo zinazotahiniwa katika Karatasi ya Kwanza ya Kiswahili, Insha (102/1), ambayo swali lake la kwanza ni la lazima na lina alama 20. Watahiniwa wengi huzikumbuka anwani mbili, tarehe, mtajo, kichwa na hitimisho, kisha wakapoteza alama katika mwili wa barua kwa kuteua maneno yasiyofaa.

Soma dondoo hili la mwanafunzi anayeiomba kamati basari:

*Hamjambo? Natumai nyote ni wazima. Kiangazi kimetuadhiri sana na mama hana doo. Ninadai mnithamini nimalize Kidato cha Nne. Lazima mnijibu haraka.*

Shida ya mwanafunzi huyu ni ya kweli, ila maneno yake yanamponza.

Uchanganuzi

1. *Hamjambo?* Hii ni salamu ya barua ya kirafiki. Baada ya kichwa, barua rasmi huingia moja kwa moja katika lengo.

2. *Kimetuadhiri.* Kuadhiri ni kufedhehesha. Alikusudia kimetuathiri. Kosa hili hutokana na kuchanganya sauti /dh/ na /th/.

3. *Mnithamini.* Kuthamini ni kuona kuwa mtu ana thamani; kudhamini masomo ni kuyagharamia. Kamati inaweza kumthamini mwanafunzi huyu bila kumlipia hata shilingi moja!

4. *Doo.* Ni neno la Sheng. Isitoshe, halisemi ni nini hasa kinachohitajika. Andika karo.

5. *Ninadai, lazima.* Mtu hudai haki au deni lake. Basari huombwa, hivyo tumia ninaomba au ningeshukuru.

Mwili uliosahihishwa

*Ninaandika barua hii kuomba basari ya kulipia karo ya muhula wa tatu. Mimi ni mwanafunzi wa Kidato cha Nne. Mama yangu ni mfugaji, na kiangazi cha mwaka huu kimetuathiri kwa kuwa mifugo wetu wengi wamekufa. Kutokana na hali hiyo, hajaweza kulipa salio la shilingi 12,500. Ningeshukuru iwapo kamati yako itanidhamini ili nikamilishe masomo yangu. Nimeambatisha taarifa ya karo kutoka shuleni.*

Tazama kwamba urasmi haujaificha shida yake. Umeieleza kwa usahihi: nani anaomba, anaomba nini, kiasi gani na kwa sababu gani. Msomaji wa barua hii anajua la kufanya.

Zoezi

Sahihisha sentensi hizi:

(a) Ningependa kuajiri katika kampuni yako kama karani.
(b) Dhamiri ya barua hii ni kulalamikia uchafu sokoni.

Majibu

(a) *Kuajiriwa.* Anayeajiri ni kampuni. Wewe unaomba kazi.
(b) *Dhamira.* Dhamiri ni sauti ya ndani inayomwonya mtu kuhusu jema na baya. Dhamira ni kusudi.