Jumanne: Shamba la Urithi na Jalada la Polisi

Soma 1 Wafalme 21:1-16. Yezebeli alitumia njia gani kulipata shamba ambalo Ahabu alishindwa kulinunua?

Ahabu alitoa bei, akaahidi na shamba jingine kwa kubadilishana. Nabothi alikataa kwa sababu ardhi ile ilikuwa urithi wa baba zake. Hadi hapo lilikuwa suala la ardhi tu. Yezebeli ndiye aliyeligeuza kuwa kesi ya jinai: barua yenye muhuri wa mfalme, saumu, na mashahidi wawili wa kusema kwamba Nabothi amemlaani Mungu na mfalme. Angalia kwamba katika mashtaka hayo shamba halikutajwa hata mara moja.

Njia hiyo haijafungwa. Katika vijiji vya Muheza na Pangani baba hufariki akiacha michungwa au minazi, na mirathi haifunguliwi. Siku moja mtoto mmoja anaangua nazi alizozoea kuangua tangu baba yu hai. Nduguye anakwenda kituoni kuripoti wizi. Mwingine anashtakiwa kwa kuingia kwa jinai katika shamba alikozaliwa. Mara nyingi mlalamikaji hatafuti adhabu. Anataka nduguye alale mahabusu, aogope, aachie shamba.

Sheria yenyewe inaliona jambo hili. Kanuni ya Adhabu haimhesabii kosa la mali mtu aliyetenda kwa kuamini kwa dhati kuwa ana haki, bila nia ya kulaghai. Na Mahakama Kuu, katika uamuzi uliochapishwa kwenye ripoti za sheria za mwaka 1992, ilisema shtaka la kuingia kwa jinai halisimami wakati umiliki wa ardhi bado unagombewa. Kwanza mwenye ardhi ajulikane kwa shauri la madai.

Soma Hesabu 27:1-7. Binti za Selofehadi walipeleka wapi dai lao?

Walisimama mlangoni pa hema, mbele ya Musa, Eleazari, wakuu na mkutano wote, wakataja wazi wanachodai: fungu la baba yao. Hawakumzulia baba mdogo yeyote kosa. Mlango wa namna hiyo upo hata leo. Ukoo unakaa kikao na kupendekeza msimamizi wa mirathi. Mahakama ya Mwanzo inamteua, naye anatakiwa kuwasilisha orodha ya mali ndani ya miezi minne. Pakiwa na mgogoro wa ardhi, Baraza la Kata hupatanisha (tangu mwaka 2021 haliamui tena), na likishindwa ndani ya siku 30 shauri huenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Inachosha, na nauli inakula fedha. Ndiyo maana Paulo aliwashangaa Wakorintho kwa kutompata miongoni mwao hata mtu mmoja mwenye hekima wa kuwaamua ndugu (1 Wakorintho 6:1-8).

Lakini aliyekatwa panga, au aliyegundua sahihi ya marehemu imeghushiwa, ana haki ya kwenda polisi (Warumi 13:1-4). Mzee wa kanisa anayemwambia anyamaze ili jina la kanisa lisichafuke anamkosea.

Mshiriki wa darasa lako anakuomba uwe shahidi kwamba mdogo wake ameiba nazi. Unajua shamba halijagawanywa. Utamjibu nini, na utamwambia nini huyo mdogo mtu Sabato ijayo?