Kutunga Muziki Unaompisha Msimuliaji

Nikipewa filamu ya makala niitungie muziki wa ambienti, naomba nakala isiyo na wimbo wowote wa muda, kisha nasikiliza sauti zilizonaswa na kamera: feni, upepo, injini ya boti, jokofu linalovuma nyuma ya mzungumzaji. Muziki wangu utaishi humo, kwa hiyo lazima nizijue sauti hizo kabla ya kuwasha sinthesaiza.

Mvumo wa umeme una noti yake. Umeme wetu Afrika Mashariki ni wa hezi 50, na mvumo huo uko karibu sana na G ya chini; ule wa hezi 100 uko karibu na G inayofuata. Ukishikilia noti ya G kali chini ya mahojiano yaliyofanyika kando ya jokofu, mtazamaji atahisi vitu viwili vinagombana hata asipojua ni vipi. Mimi hujenga juu ya G au C. Picha zikitoka Marekani, kwenye umeme wa hezi 60, mvumo huangukia kati ya B bapa na B, na hapo naipandisha au kuishusha sinthesaiza mpaka vipatane.

Kisha msimuliaji. Konsonanti nyingi zinazofanya maneno yaeleweke zimo kati ya hezi 2,000 na 4,000. Badala ya kuteremsha muziki wote, kwa ekwalaiza napunguza eneo hilo desibeli tatu au nne katika kila sauti inayodumu. Noti mpya naiingiza anapovuta pumzi.

Kuhusu kuchagua ala, sijapata funzo zuri kuliko albamu ya *Apollo* ya mwaka 1983, ya Brian Eno, Daniel Lanois na Roger Eno, iliyotungiwa filamu ya Al Reinert ya safari za mwezini. Juu ya sauti zake za kielektroniki Lanois anapiga gitaa la kuteleza la muziki wa kantri, muziki ambao baadhi ya wanaanga walisafiri nao kwenye kanda. Ala imetoka kwa watu wenyewe, na ndiyo maana mwezi ule una ubinadamu. Nami humuuliza mwongozaji wahusika wake husikiliza nini nyumbani.

Mwishoni natuma faili za hezi 48,000, biti 24, besi mbali, sauti zinazodumu mbali, sauti za juu mbali. Mhariri akitaka kuondoa besi chini ya sentensi moja tu, aiondoe bila kunisubiri.