"Moot": linabishaniwa au limepitwa?

*Mhariri, nasoma sheria. Kamusi moja inasema "moot" ni jambo linalobishaniwa. Nyingine inasema ni jambo lisilo na haja ya kubishaniwa tena. Nishike lipi?*
*Mwanafunzi, Dodoma*

Una haki ya kutatizika, maana tafsiri hizo zinapingana. Hata hivyo kamusi zote mbili ziko sahihi. Neno hili lilianzia Kiingereza cha kale, likimaanisha baraza. Baadaye wanafunzi wa sheria wa London wakaliita hivyo zoezi la kubishania kesi za kubuni, na ndiyo asili ya mashindano ya "moot court" vyuoni. Kesi ya aina hiyo ina ubishi wa kweli, ila hukumu yake haimgusi mtu. Hapo ndipo njia zilipoachana: Waingereza walishika ule ubishi, Wamarekani wakashika kule kukosa athari. Kwa mfano, mwaka 1974 Mahakama ya Juu ya Marekani ilikataa kuamua kesi ya DeFunis, aliyelalamikia kunyimwa nafasi ya kusoma sheria, kwa kuwa wakati huo alikuwa ameshapokewa na yu karibu kuhitimu.

Utasema muktadha utafichua maana. Mara nyingi ndivyo, lakini "a moot point" peke yake haijitoshelezi. Basi ukisoma, tazama kwanza mwandishi ni wa upande gani. Ukiandika, liepuke, useme wazi kwamba suala lina ubishi au limekwisha nguvu. Ukilikuta kwenye hukumu unayotakiwa kuitafsiri, muulize mhadhiri wako kabla ya kukata shauri.