SOMO: TUWAPIME MANABII KWA MZIGO WANAOUBEBA

Masomo ya kusoma: 1 Wafalme 22:1-38; 2 Wafalme 5:1-27; Kumbukumbu la Torati 18:20-22



Somo hili limetokana na swali. Mama mmoja mjane wa upande wa Kabambare alitufikia baada ya sala. Kijana wake aliingia msituni pamoja na wapiganaji. Kabla ya vita walimchanja chale, wakamnyunyizia maji, wakamfunga hirizi mkononi, wakamwambia kwamba masasi yatageuka maji. Akafa siku ya kwanza. Wale walioleta habari walimwambia mama: "Dawa ilikuwa ya kweli, ila mtoto wako alivunja mwiko." Basi mama akatuuliza: "Wazee, mwana wangu alivunja mwiko gani?"

Hatukuweza kumjibu upesi. Sisi ni kanisa la kinabii. Tunaamini kwamba Mungu anaweza kumwita mtu mweusi, asiye na cheo wala masomo makubwa, akamtia Roho wake na kumpa neno. Hatuwezi kusema kila unabii ni uongo, maana tutakata tawi tunalokalia. Lakini Mtume Paulo anaagiza kwamba manabii wanaponena, wengine wapime (1 Wakorinto 14:29), na Yohana anatukataza kuamini kila roho (1 Yohana 4:1). Kupima si kukosa imani. Ni kutii.

1. MAJI YALIYOAHIDI USHINDI

Jambo lililompata kijana huyu si geni. Mwaka 1905, katika nchi ambayo leo ni Tanzania, Wajerumani waliwalazimisha watu kulima pamba. Huko Ngarambe akatokea Kinjikitile Ngwale, akawapa watu maji ya kuwakinga na risasi. Watu wa makabila mengi wakaungana kwa neno lake. Wajerumani walimnyonga tarehe 4 Agosti 1905, na vita vya Maji Maji vikaendelea hadi 1907. Serikali ya Wajerumani yenyewe ilihesabu watu 75,000 waliokufa. Wataalamu wengine wa historia wanafikisha 300,000, wengi wao kwa njaa.

Kwetu Maniema, Simba waliingia mwaka 1964. Waliteka Kindu mwezi wa Julai, nao wakafukuzwa humo tarehe 5 Novemba. Waganga wao waliwachanja vijana, wakawanyunyizia maji na kuwapa miiko: usiibe, usimguse mwanamke, usigeuke nyuma vitani. Katika vita vya 1998 hadi 2003 tuliwaona Mayi-Mayi, ambao jina lao lenyewe ni maji. Na baada yao vikundi vingine vimewavuta vijana wa Kabambare kwa dawa za namna hiyo.

Hatuwadharau wote waliofuata maji hayo. Wengi walikuwa watu walioonewa, waliotaka kulinda ardhi na nyumba zao. Kinjikitile mwenyewe alilipa kwa uhai wake. Lakini uchungu wa watu hauligeuzi neno lisilo la kweli kuwa la kweli.

Sasa angalieni namna neno hilo linavyofungwa. Kijana akirudi mzima, sifa ni ya dawa. Akifa, kosa ni la maiti, naye maiti hawezi kujitetea. Unabii wa namna hiyo haushindwi kamwe, kwa hiyo haupimiki kamwe. Torati inasema kinyume chake. Neno lisipotimia, lawama inamwangukia nabii aliyelisema, wala si yule aliyelisikiliza.

2. MANABII MIA NNE NA MMOJA

Mfalme Ahabu alitaka kwenda vitani Ramothi-Gileadi. Manabii wapata mia nne wakamwambia apande, atashinda. Zedekia akajitengenezea hata pembe za chuma ili watu waone kwa macho. Mikaya mwana wa Imla peke yake aliona Israeli wametawanyika milimani kama kondoo wasio na mchungaji.

Tazameni tofauti. Wale mia nne walisema neno ambalo mwenye nguvu alipenda kulisikia, kisha wengine wakaenda kufa. Mikaya alipigwa kofi, akatiwa gerezani, akapewa chakula cha mateso. Lakini kabla ya kupelekwa, aliliweka neno lake mwenyewe kwenye mizani mbele ya watu wote: mfalme akirudi kwa amani, basi Bwana hakusema naye. Hakutafuta mlango wa nyuma. Hakusema kwamba kama neno langu halikutimia, ni ninyi mliovunja mwiko.

3. NABII WA NKAMBA

Katika Kongo yetu tunao mfano ambao hata watu wa makanisa mengine wanauheshimu. Simon Kimbangu alikuwa katekista wa misheni ya Wabatisti. Tarehe 6 Aprili 1921, karibu na Nkamba, alimwombea mwanamke mgonjwa, na habari za kupona kwake zikaenea. Watu wakaacha kazi wakamiminika kwake. Aliwaambia watupe sanamu za uganga na waache kuoa wake wengi. Hakuwapa maji ya kuendea vitani.

Wabelgiji walipokuja kumkamata mwezi wa Juni aliwaponyoka. Lakini mwezi wa Septemba alirudi Nkamba na kujitoa mwenyewe mikononi mwao, akawakataza wafuasi wake kupigana. Tarehe 3 Oktoba 1921, huko Thysville, mahakama ya kijeshi ilimhukumu viboko 120 na kifo, bila wakili wa kumtetea. Mfalme Albert akageuza hukumu kuwa kifungo cha maisha. Alifungwa Elisabethville, ambayo leo ni Lubumbashi, akafa gerezani tarehe 12 Oktoba 1951. Kazi yake ya wazi haikufika miezi sita. Kifungo chake kilikuwa cha miaka 30.

Ni kweli wafuasi wake nao waliteswa. Kanisa lake linahesabu familia 37,000 zilizopelekwa uhamishoni. Lakini yeye hakukaa nyumbani akiwatuma. Aliingia gerezani kabla ya wengi wao. Kanisa hilo lilitambuliwa na serikali tarehe 24 Desemba 1959, na tangu 2023 tarehe 6 Aprili ni sikukuu ya nchi nzima.

4. GEHAZI YUMO NDANI YA NYUMBA

Tusiwapime waganga wa msituni tu na kuacha nyumba yetu wenyewe. Elisha alimtuma Naamani akaoge Yordani, naye akapona. Maji hayakuwa mabaya. Elisha akakataa zawadi. Lakini mtumishi wake Gehazi alikimbia nyuma ya gari, akaomba fedha na mavazi kwa jina la nabii. Ukoma wa Naamani ukamshika yeye.

Kuna Gehazi hata katikati yetu. Mtu anaota ndoto, kesho yake anadai mbuzi na franka kwa mgonjwa. Mgonjwa asipopona, anaambiwa kwamba imani yake ni ndogo. Je, neno hili halifanani na lile aliloambiwa mama wa Kabambare?

Majirani zetu Waislamu wa Kasongo, katika tarika zao, hawamfanyi mtu khalifa kwa ndoto yake tu. Wanauliza: ni nani aliyekupa ijaza, naye aliipata kwa nani? Nasi tuulize. Anayesema ametumwa akubali kuketi mbele ya wazee, akubali kuulizwa, na asipokee kitu mkononi mwa mgonjwa.

5. JIBU LETU KWA MAMA

Mama yetu, mwana wako hakuvunja mwiko wowote uliomwua. Aliuawa na sasi, na aliyemwambia kwamba sasi ni maji ndiye mwenye deni. Usibebe aibu isiyo yako. Njoo, tumlilie pamoja. Na ninyi vijana, mtu akiwapa maji ya vita, mwambieni anywe kwanza yeye, atangulie mbele, nanyi mtazame.

MASWALI YA KUZUNGUMZA

1. Kwa nini Mikaya alikubali neno lake lipimwe?
2. Katika parokia yetu, mgonjwa asipopona, nani anabeba lawama?
3. Tutawasaidiaje wazazi ambao watoto wao bado wako msituni?

Bwana atupe Roho, na atupe pia akili ya kupima. Amina.